Sauti Isiyositasita

Hivi karibuni mjini Mbeya nalimwona mama mmoja akiisemesha simu ya mwanawe. Aliuliza kwa Kiswahili safi, ila penye r alitia l, kama wasemavyo wengi wetu. Simu ikaandika maneno mengine kabisa. Mama akarudia, akiukaza ulimi, uso umejaa haya. Kijana akacheka.

Haya ile haikuwa yake. Siri ilipotolewa mwaka 2011 ilijua Kiingereza, Kifaransa na Kijerumani tu. Hata Waskoti walilalamika kwamba haiwaelewi. Google iliongeza Kiswahili katika kuandika kwa sauti mwaka 2017. Nao wataalamu wa Marekani walipopima mitambo ya kampuni tano kubwa, mwaka 2020, waliona kwamba kwa wasemaji Weupe ilikosea maneno 19 katika 100, na kwa Weusi 35. Chombo huwasikia vema wale ambao sauti zao zilitumiwa kukifundisha.

Lakini kutosikia ni jambo dogo. Mwezi wa Desemba 2021, huko Marekani, mtoto wa miaka 10 aliiomba Alexa imtajie jambo la kujaribu ushujaa. Ikamwambia achomeke chaja ukutani nusu tu, kisha aguse vyuma vyake kwa sarafu! Bahati njema mama yake alikuwa karibu. Amazon ikasema kosa limerekebishwa.

Je, Alexa ilisema uongo? La hasha. Kisichojua umeme ni nini, wala mtoto ni nini, hakiwezi kudanganya. Kiliokota maneno katika intaneti, kikayatamka. Basi hatia iko wapi? Mtu akikuamkia "Kamwene" kule Iringa nawe hujui maana yake, ataliona jambo hilo usoni pako. Chombo hakina uso. Waliokitengeneza walijua kwamba hakijui, wakakipa sauti ya mtu ajuaye, tamu, isiyositasita. Hapo ndipo naona kosa la kimaadili, hata kama hawakukusudia madhara. Sikatai kwamba kipofu hufaidika nacho sana. Na huyo ndiye asiyeweza kusoma maandishi ya kawaida ili ahakikishe alichoambiwa.

Yule mama wa Mbeya alikuwa akiuliza kiasi cha dawa ya homa ampe mjukuu wake. Nikamwomba kijana aiweke simu mfukoni, ampeleke mama zahanati. Ilikuwa ng'ambo ya barabara.