Jina la Mtu ni la Nani?

Katika bonde la Kilombero, baina ya Ifakara na Mlimba, chini ya milima ya Udzungwa, pana mahali paitwapo Mbingu. Mgeni ashukaye hapo katika kituo cha reli ya TAZARA husoma neno hilo ubaoni akatabasamu, maana hakutazamia kufika mbinguni kwa nauli ndogo vile. Anayoyaona mbele yake ni mashamba ya mpunga, miembe, na barabara ya udongo. Kosa lake ni dogo na la kawaida: amekuta jina katika kinywa cha watu wengine, akalipa maana aliyokuwa nayo tayari moyoni mwake. Watu hufanya hivyo kwa majina ya mahali, na hufanya hivyo zaidi kwa majina ya watu.

Mbingu na Ifakara ni nchi ya akina Fransisko na Fransiska. Hospitali kubwa ya Ifakara ni ya Mtakatifu Fransisko. Mbingu yenyewe ina nyumba ya watawa wanaofuata njia ya mtakatifu huyo. Na mapadre waliolihudumia bonde hili kwa miaka mingi walikuwa Wakapuchini wa Uswisi, tawi la shirika lake, walioingia Dar es Salaam mwaka 1921. Si ajabu basi kwamba jina hilo liliota mizizi. Mzee wa Kindamba aliye nalo akiulizwa maana yake hujibu kwamba ni jina la somo wake aliye mbinguni. Jibu hilo ni la haki, lakini limeeleza jina limetoka kwa nani. Halikueleza neno lenyewe lina maana gani. Neno lenyewe maana yake ni Mfaransa.

Kisa chake kimesimuliwa na waandishi wa maisha ya mtakatifu katika karne ya 13. Alizaliwa katika mji wa Assisi, Italia, mwaka 1181 au 1182, wakati baba yake, Pietro di Bernardone, mfanyabiashara wa nguo, alipokuwa safarini Ufaransa. Mama alimbatiza mtoto kwa jina la Giovanni, yaani Yohana. Baba aliporejea alimwita Francesco, Mfaransa mdogo, na lakabu ikalishinda jina la ubatizo. Mtoto alikua, akazikataa nguo na mali za baba yake mbele ya askofu, lakini jina alilopewa na baba huyo hakulivua. Alikufa mwaka 1226. Miaka miwili baadaye Papa Gregori wa 9 alimtangaza mtakatifu, na lakabu ya mtoto wa muuza nguo ikaingia katika kalenda ya Kanisa. Mwaka 2013 Mwargentina mwenye asili ya Kiitalia, Jorge Mario Bergoglio, aliichagua kuwa jina lake la upapa.

Hapa ndipo swali linapozaliwa. Mtu wa Kilombero anaitwa Mfaransa, kwa heshima ya Mwitalia ambaye hakuwa Mfaransa, kwa mkono wa mapadre waliotoka Uswisi. Je, mtu huyo amejivika uongo? Wako wasemao kwamba ndiyo. Husema kwamba jina ni kama ngozi ya mwili. Mwenye kuitwa kwa lugha asiyoijua amevaa ngozi ya mwingine, na kila aitikapo humkana babu yake. Shutuma hii ina uzito, na haifai kupuuzwa kwa sababu tu ya kelele za baadhi ya wanaoitoa.

Lakini hoja ya ugeni ikisimama peke yake, yapasa iwahukumu Wafaransa kabla ya Wandamba. Jina la nchi yao lilitoka kwa Wafranki, kabila la Kijerumani lililovuka mto Rhine. Louis, jina la wafalme wao wengi, ni lile lile la Clovis, mfalme wa Wafranki, na ndani yake mna maneno mawili ya Kijerumani cha kale: sifa na vita. Bernard ni nguvu za dubu. Robert ni mwenye sifa ing’aayo. Henri ni mtawala wa nyumba. Jean ni Kiebrania. Martin, jina la ukoo lililo na watu wengi kuliko yote Ufaransa, ni Kilatini, nalo lamtaja Mars, mungu wa vita wa Warumi. Lakini lilienea kwa sababu ya askofu wa Tours aliyezaliwa katika nchi iitwayo leo Hungaria. Fundi wa Lyon aitwaye Bernard Martin hamfikirii dubu wala Mars. Anaitika kwa sababu mama yake alimwita hivyo, na hakuna amwambiaye kwamba amewakana wazee wake.

Majina yao ya ukoo yana ukarimu zaidi, kwa kuwa mengi yakifunuliwa huonyesha mtu kama jirani zake walivyomwona. Dupont ni mtu wa darajani, Dubois wa msituni, Lefebvre mhunzi, Fournier mwenye tanuri la mikate, Petit mfupi, Leroux mwenye nywele nyekundu. Martin na Bernard, yakiwa majina ya ukoo, ni jina la baba fulani wa zamani lililoganda likawashika wajukuu wote. Tanzania jina la baba bado ni maji yanayotiririka: mtoto huandikwa jina lake, la baba, kisha la babu, na katika kizazi kifuatacho babu huyo hutoka na mwingine huingia. Ufaransa maji hayo yaliganda kwa karne nyingi, na baridi iliyoyagandisha ilitoka kwenye daftari.

Kama ugeni si dhambi, dhambi iko wapi? Mfano mmoja wa Afrika Mashariki waweza kuionyesha. Kiongozi wa misafara aliyewaongoza Burton na Speke kutoka pwani mwaka 1857, na baadaye Stanley na Cameron, alikuwa Myao aliyetekwa akiwa mtoto, akauzwa, akapelekwa India. Alirudi akiitwa Sidi Mubarak Bombay. Mubarak ni neno zuri, maana yake aliyebarikiwa; Bombay ni mji. Alikufa mwaka 1885 akiwa mtu mashuhuri, na jina aliloitwa na mama yake limepotea. Ubaya wa jambo hili haumo katika Kiarabu cha Mubarak. Umo katika kwamba aliyelitoa hakuwa na haki ya kulitoa, na kwamba kwa kulitoa alifuta lile lililokuwapo. Jina la mtumwa lilikuwa alama ya mwenye mali, hata lilipokuwa dua.

Kipimo basi ni hiki: nani ametoa, kwa ridhaa ya nani, na kitu gani kimefutwa. Kwa kipimo hicho serikali nazo zina la kujibu. Mwaka 1539, kwa amri ya Villers-Cotterêts, mfalme François wa kwanza (naye somo wa mtu wa Assisi!) aliwaagiza mapadre waandike ubatizo katika madaftari. Mwaka 1794 Mapinduzi yaliweka sheria kwamba raia asiitwe ila kwa jina lililomo katika cheti chake cha kuzaliwa, na mwaka 1803 sheria nyingine ikasema majina ya watoto yatoke katika kalenda au katika watu wajulikanao wa historia ya kale. Kwa nguvu ya sheria hiyo, katika miaka ya 1950 na 1960, familia moja ya Brittany iliona watoto wake wakikataliwa kuandikishwa kwa sababu majina yao yalikuwa ya Kibretoni, lugha ya wazee wao. Mpaka Januari 1993 wazazi wa Ufaransa walikuwa bado hawajapewa uhuru kamili wa kuchagua.

Kongo ilikwenda njia ile ile kwa kuanzia upande wa pili. Mwaka 1972 Mobutu alipiga marufuku majina ya Kikristo, na yeye mwenyewe, aliyekuwa Joseph-Désiré, akawa Mobutu Sese Seko. Désiré ni Kifaransa, aliyetamaniwa. Ndilo lile lile ambalo Tanzania husikika kama Desideri. Yawezekana Mobutu aliona kweli kwamba jina hilo lilikuwa mzigo wa wakoloni, na alikuwa na haki ya kuutua wake. Haki ya kuitua mizigo ya wengine, ambao pengine hawakuiona kuwa mizigo, hakuwa nayo. Karani wa Brittany na polisi wa Kinshasa wangekutana wangeelewana vizuri sana.

Na Kanisa je? Hapa desturi na sheria yafaa zitengwe. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1917 ilimwagiza paroko ahakikishe abatizwaye anapewa jina la Kikristo. Lakini asipofaulu kuwashawishi wazazi, aliongeze jina la mtakatifu juu ya lile walilotoa wazazi, na yote mawili yaandikwe katika daftari la ubatizo. Neno lililotumika ni kuongeza, si kufuta. Sheria ya mwaka 1983 ililegeza zaidi: yadai tu kwamba jina lisiwe geni kwa moyo wa Kikristo. Kwa hiyo, mahali ambapo jina la nyumbani lilikufa kwa sababu liliachwa nje ya daftari, halikuuawa na sheria. Liliuawa na haraka ya mwandishi, na pengine na haya ya mzazi aliyeona jina la bibi yake halifai kutamkwa mbele ya mgeni. Haya hiyo ndiyo inayostahili kuombolezwa kuliko Fransisko elfu moja.

Askofu wa kwanza wa jimbo la Ifakara, lililoundwa mwaka 2012, anaitwa Salutaris Libena. La kwanza ni Kilatini, liletalo wokovu. La pili halihitaji tafsiri kwa watu wa bonde. Yamekaa pamoja katika pumzi moja bila kugombana, na hakuna aliyemtaka achague.

Ibada ya ubatizo wa watoto iliyotolewa mwaka 1969 huanza kwa swali. Padre hawaambii wazazi mtoto ataitwaje, huwauliza. Kama baba na mama wamekubaliana usiku uliotangulia, jibu hutoka mara moja. Kama hawakukubaliana, bibi aliyesimama nyuma yao hulitamka kwanza, na mwandishi wa daftari huandika alichosikia.