Hukumu Isiyotekelezwa, Nani Amedharauliwa?

Amri ya mahakama inapokaidiwa, tunaambiwa mahakama imedharauliwa. Lakini aliyedhulumiwa hasa ni nani: jaji, au yule aliyeshinda kesi akarudi nyumbani mikono mitupu?

Mimi ni mtoto wa Nchelenge, kando ya Ziwa Mweru, Zambia. Ng'ambo ya ziwa, upande wa Kongo, upo mji mdogo wa Kilwa. Oktoba 2004 waasi wachache waliuteka. Jeshi la Kongo lilipoukomboa, raia zaidi ya 70 waliuawa, na wengi walivuka maji kukimbilia kwetu. Wanajeshi walitumia magari ya kampuni ya madini ya Anvil Mining.

Katika uamuzi uliotangazwa mwaka 2017, Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu iliitaka Kongo iwalipe waathirika 8 na familia zao dola milioni 2.5, iombe radhi na iwashitaki wahusika. Miaka 3 baadaye, watetezi wao walikuwa bado wanalalamika kwamba hawajalipwa. Tume haina polisi wala jela ya kumtia mkaidi.

Linganisha na Kenya. Septemba 2024 Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi, Gilbert Masengeli, kifungo cha miezi 6 kwa kukaidi wito wa mara kwa mara wa kufika kueleza walipo watu 3 waliodaiwa kutekwa. Alipewa siku 7 afike mwenyewe mahakamani. Alifika, akaomba radhi, adhabu ikafutwa. Watu wale 3 walipatikana wakiwa hai. Sidai kwamba hukumu pekee ndiyo iliyowarudisha. Ila mkubwa alilazimika kusimama mbele ya jaji na kujibu.

Katika barua mashuhuri inayonasibishwa na Sayyidna Umar (r.a.) kwa Abu Musa al-Ash'ari, kadhi anakumbushwa kwamba kutamka haki isiyotekelezwa hakuna faida. Ndiyo maana mafakihi hutenganisha fatwa na hukumu: mufti hueleza, kadhi hulazimisha. Ukiiondolea hukumu nguvu ya kulazimisha, umemgeuza kadhi kuwa mtoa nasaha.

Utauliza: je, amri ikiwa ya dhuluma? Ni kweli, hakuna kumtii kiumbe katika kumuasi Muumba. Lakini mwenye hoja hukata rufaa hadharani. Anayeitupa amri kimyakimya kwa sababu tu ana askari na cheo amejifanya kadhi wa kesi yake mwenyewe, na Qur'ani imetuamrisha kusimamisha uadilifu hata dhidi ya nafsi zetu.

Kwa hiyo naona adhabu ya kudharau mahakama haikuwekwa kulinda kiburi cha jaji. Jaji akidharauliwa, bado jioni atakwenda kwake na mshahara wake. Mjane wa Kilwa aliyepewa haki kwenye karatasi ndiye anayebaki bila kitu. Wenzangu mnaosomea sheria, mkishinda kesi msiseme kazi imekwisha. Ulizeni kwanza kama mwenye haki ameipata mkononi.

Wallahu a'lam.