Ogada Si wa Wazungu

Kibandani Sericho, kijana alikuwa akitazama The Constant Gardener kwenye simu, chai ya maziwa ya ngamia ikimpoa mkononi. Nyuzi zikalia, sauti ya mwanamume ikapanda taratibu. Mzee aliyeketi naye akauliza nani huyo. "Wazungu, mzee. Si filamu ni yao?"

Jibu hilo limeikera safu hii wiki nzima.

Mwimbaji ni Ayub Ogada, mzaliwa wa Mombasa, 1956, na nyuzi zile nane ni za nyatiti ya Wajaluo. Nairobi alipiga na bendi ya Black Savage, kisha African Heritage. Alipohamia Uingereza miaka ya 1980, alianza kwa kuwapigia abiria wa treni za chini ya ardhi London, wengi wao wakipita tu, hadi tamasha la WOMAD lilipomwita mwaka 1988. Albamu yake En Mana Kuoyo ilitoka 1993, na ndimo ulimo "Kothbiro", wimbo ambao mwongozaji Fernando Meirelles aliuweka katika filamu hiyo yake ya 2005, iliyopigwa Kibera na Loiyangalani.

Wajuaji watasema Ogada hakuwa mtunzi wa filamu. Muziki wa filamu ile ni wa Mhispania Alberto Iglesias, naye akateuliwa kuwania Oscar. Mtunzi hasa wa filamu, watasema, ni mtu kama Mgiriki Vangelis, aliyekuwa akipiga sinthesaiza huku akitazama picha, na Chariots of Fire, filamu ya wakimbiaji wa Olimpiki ya 1924, ikampa Oscar mwaka 1982.

Sawa. Lakini Vangelis aliwapa wakimbiaji hao sauti za mitambo ambayo wao hawakuwahi kuisikia, na ikakubalika. "Kothbiro" ulikuja na nchi yake: mvua inakuja, rudisheni ng'ombe nyumbani. Hayo Mborana wa Sericho, ambaye tangu mwisho wa 2020 alihesabu misimu mitano mvua ikimpita, atafasiriwa na nani? Iglesias alijaza filamu muziki mzuri. Bila Ogada, Kenya ingebaki mandhari tu. (Haya ni maoni, anayepinga aitazame tena.)

Ogada alirudi nyumbani, akafia Nyahera, Kisumu, Februari 1, 2019. Watangazaji wetu, ambao hawachoki kujitaja wenyewe kati ya wimbo na wimbo, wanashindwa nini kumtaja yeye kila wanapopiga "Kothbiro"?