Mordekai Aliandikwa, Babu Yako Je?

Watu wa Kenyatta Market! Mnaochoma mbuzi upande ule, mnaosuka rasta upande huu, wekeni visu chini kidogo, acheni vitana, msikie.

Someni Kitabu cha Esta, sura ya sita. Usiku mmoja Mfalme Ahasuero alikosa usingizi, akataka asomewe kumbukumbu za utawala wake. Humo ikakutwa habari ya Mordekai, aliyefichua njama ya matowashi wawili waliotaka kumuua mfalme. Akauliza: mtu huyu amefanyiwa heshima gani? Hakuna, wakamjibu. Mtu ameokoa roho ya mfalme, na bado anashinda langoni, huku adui yake Hamani amekwisha kumsimamishia mti wa kumtundika!

Sasa angalieni wokovu wa Mordekai ulitokea wapi. Haukutoka moyoni mwa mfalme, kwa maana mfalme alishasahau. Ulitoka kwenye wino. Karani fulani, ambaye Maandiko hayakumtaja hata jina, aliliandika jambo siku lilipotokea. Lile joho la kifalme, yule farasi, Hamani akimtangulia Mordekai mjini akipiga mbiu, yote yalizaliwa na mstari mmoja wa karani.

Haya, njooni Kariokor. Novemba 2023 Mfalme Charles wa Uingereza alifika kwenye makaburi ya vita pale, akamkabidhi medali Koplo Samwel Nthigai Mburia, mzee aliyetajwa kuwa na miaka 117. Zile za kwanza mzee alizitupa siku za Mau Mau, kwa hofu ya kuonekana mtu wa Waingereza. Vita vyenyewe, vile vya Pili vya Dunia, viliisha 1945. Miaka 78!

Wanaume wa kizazi chake, askari wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, walipita bonde la Kabaw kule Burma mwaka 1944, mvua ikiwapiga usiku na mchana, magari yakizama kwenye tope, malaria ikiwaangusha sambamba na risasi za Wajapani, mpaka wakauvuka mto Chindwin. Vita vilipokwisha, bahashishi ya askari mweupe wa cheo cha chini kabisa ilihesabiwa shilingi 10 kwa kila mwezi aliotumikia. Ya Mwafrika ilikuwa shilingi tatu na nusu. Malaria haikuwa na bei mbili, lakini hazina ilikuwa nazo!

Sina neno na mfalme. Alifanya vyema kuja. Ila mzee Mburia aliweza kupewa medali nyingine kwa sababu alikuwa hai na jina lake lilijulikana. Vipi wale ambao hata karani hawakupata?

Nawazungumzia wapagazi wa Vita vya Kwanza vya Dunia, waliokuwa na kambi yao hapo hapo Kariokor. Walibeba vichwani risasi na unga wa jeshi zima hadi ndani kabisa ya Tanganyika, wakafa kwa kuhara, kwa njaa na kwa homa. Aprili 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri yenyewe: watu wasiopungua 116,000, huenda hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa majina au hawakukumbukwa kabisa. Maofisa wa wakati ule waliona kaburi la Mwafrika halihitaji jiwe. Na ile sanamu ya shaba pale Kenyatta Avenue, iliyosimamishwa 1928, inaahidi kwa Kiswahili kwamba mpiganaji hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake. Jina lipi? Izungukeni mara saba kama ukuta wa Yeriko, hamtaona hata moja!

Tena msidhani ni mambo ya mbali. Tembeeni kidogo tu kutoka hapa, mko Kibra. Ardhi ile walikalishwa askari Wanubi wa KAR, jeshi la kikoloni la King's African Rifles, zaidi ya ekari 4,000, bila hati. Mitaa ikajengwa juu yake kipande baada ya kipande, na hati ya jamii ilipokuja mwaka 2017 ilikuwa ya ekari 288.

Nasikia mmoja akinong'ona: si walimpigania mkoloni? Ndugu yangu, wapagazi wengi walikamatwa vijijini kama kuku. Na Waruhiu Itote, ambaye tunamwita Jenerali China, alijifunza vita Burma katika jeshi hilo hilo, kisha akaingia msituni na Mau Mau. Utamtoa yeye pia kwenye hesabu?

Wewe mwenye kibanda cha nyama, una daftari la madeni. Aliyekula nusu kilo tangu Januari umemwandika, na namba ya simu umeweka. Nusu kilo! Na babu ya mama yako, aliyekwenda na mzigo kichwani asirudi, umemwandika wapi?

Amkeni, wapendwa! Ninyi wasusi, mteja anakaa kwenye stuli saa nne nzima, vidole vya watatu vikipita kichwani mwake, na mazungumzo hayaishi. Muulizeni kwao nani alikwenda vitani. Muulizeni jina kamili, jina la baba yake, kijiji, chifu aliyemtoa, na alikoonekana mwisho. Anayejua nusu ampigie shosho yake simu hapo hapo, kabla shosho hajalala. Katika kumbukumbu za jeshi letu zimepatikana karatasi za maelfu ya askari wa KAR wa vita vile vya kwanza, nazo zinangoja watu wa kusema: huyu ni wetu. Leo kabla hamjafunga, geuzeni daftari la madeni, muanze ukurasa wa nyuma, kwa kalamu ya wino.