Ahadi ya Anayeondoka

Ahadi ni deni, twaambiwa tangu utotoni. Methali hiyo imeacha jambo moja bila kulitaja: mdai lazima aujue mlango wa mdaiwa.

Huko Nanyuki, chini ya Mlima Kenya, jeshi la Uingereza lina kambi ya mafunzo. Vikosi huja kwa zamu, vikakaa wiki kadhaa, kisha vikarudi kwao. Katikati hapo hupatikana marafiki, wapenzi, na wakati mwingine watoto. Wapo wanaoyaita mambo hayo biashara tupu: huyu ana pauni, yule anadaiwa kodi ya nyumba. Wapo wanaosema mapenzi hayachagui rangi. Wote wanabishana juu ya yaliyomo moyoni, na ya moyoni ayajuaye ni mwenyewe.

Tofauti ya mila nayo si kisa. Katika mji huohuo Mkikuyu huoa Mmeru, na wakikosana wazee wanajua pa kwenda. Aliyeachwa na askari huenda amebakiwa na jina moja, picha kwenye simu na namba isiyopatikana. Ndiyo maana nasema usawa kati ya wapendanao si kufanana wala kulingana mifuko. Ni kila mmoja kuweza kumwuliza mwenzake, "Uliniahidi nini?" na swali likamfikia.

Mtu atasema hata dereva wa lori huwakimbia wanawe. Kweli, lakini yeye hutoroka, askari huhamishwa. Serikali yake ndiyo humleta na kumwondoa, kwa mkataba wa serikali mbili. Mwaka 2022 Uingereza iliwakataza wanajeshi wake walio ng'ambo kununua ngono. Katazo hilo linahusu usiku mmoja. Halisemi lolote juu ya miaka ya kulea.

Mtoto anayetaniwa na wenzake kuwa ni "mzungu maskini" hahitaji kwanza kujua kama wazazi wake walipendana. Anataka kujua baba yake ni nani. Mawakili wameanza kulijibu swali hilo kwa vipimo vya DNA, na mahakama ya Uingereza imewatambua baadhi ya akina baba bila kupima mapenzi ya mtu. Basi penzi la kando ya kambi laweza kuwa la kweli kabisa na bado likazaa dhuluma, iwapo mmoja ana jeshi zima la kumwondoa na mwenzake hana hata anwani. Serikali iliyomleta askari inajua alikokwenda. Sehemu ya deni ni yake.