Haki ya Kusikilizwa

Je, mtu ambaye kosa lake ladhaniwa kuwa wazi ana haja gani ya kusikilizwa? Mwaka 1960 wanafunzi Weusi wa Chuo cha Alabama State, mjini Montgomery, Marekani, waliingia katika mkahawa wa Wazungu ndani ya jengo la mahakama, wakaomba kuhudumiwa. Baadhi yao walifukuzwa chuoni bila kutajiwa shtaka mahsusi wala kuulizwa neno. Walikwenda mahakamani, wakashindwa, wakakata rufani. Mwaka 1961, katika kesi ya Dixon, mahakama ya rufani iliamua kwamba chuo cha umma sharti kimjulishe mwanafunzi shtaka lake na kumpa nafasi ya kujitetea kabla ya kumfukuza.

Majaji hawakukinyima chuo mamlaka ya kuadhibu. Walikataza adhabu kutangulia utetezi. Maana kosa huweza kuwa wazi, na sababu yake ikafichika. Basi aliyesimamishwa na aanze hapo: aombe shtaka kwa maandishi, aujue ushahidi, ajitetee, akate rufani. Huenda mwisho akaonekana mkosaji. Lakini ataadhibiwa kama mtu, hatatupwa kama taka. Na chuo kiogopacho kumsikiliza mwanafunzi wake kitamfundisha nini juu ya ukweli?