Kimya cha Kuazima: Mandy Miller na Haki ya Kuigiza Uziwi

Filamu ya Mandy, iliyoongozwa na Alexander Mackendrick kwa studio za Ealing nchini Uingereza, ilitolewa mwaka 1952 na kutuzwa na jopo la waamuzi huko Venice mwaka huohuo. Mhusika wake mkuu ni msichana aliyezaliwa kiziwi. Aliyemwigiza, Mandy Miller, alizaliwa mwaka 1944 naye alikuwa akisikia barabara. Sehemu ya filamu ilipigwa katika shule ya viziwi ya Manchester, na wanafunzi wa shule hiyo wanaonekana kama wenzake darasani. Je, ni haki mtoto asikiaye kuubeba uziwi mbele ya kamera, hali viziwi wenyewe wameketi kando yake?

Yamkini mtetezi atasema kwamba uigizaji wote ni kuazima, kwani asiye mfalme huigiza mfalme. Hoja hii haitoshelezi. Wafalme hawajapata kunyimwa sauti katika sanaa, viziwi wamenyimwa.

Hata hivyo, lawama haimwangukii mtoto. Uigizaji wa Miller umejengwa juu ya kujizuia: kutogeuka aitwapo, kuyaachia macho na viganja kazi ya masikio. Pana nyakati ambapo sauti zote hukatwa, na hadhira ikatumbukizwa katika kimya hicho. Hapo filamu haimhurumii kiziwi. Inaishi naye, na ni nadra sanaa ya umma kufika hapo.

Dosari imo katika kile ambacho hadithi inakihesabu kuwa ushindi. Tangu kongamano la Milan la mwaka 1880, shule nyingi za viziwi barani Ulaya zilizipiga vita ishara za mikono na kushikilia matamshi na usomaji wa midomo. Filamu inaukubali mtazamo huo bila kuuhoji. Mandy hufundishwa kuuhisi mtetemo wa sauti kwenye puto, na kilele ni pale anapowatamkia jina lake watoto wanaocheza katika kiwanja kilichoachwa na mabomu ya vita. Ishara hazipewi hadhi ya lugha. Kukubalika ni kufanana na wasikiao.

Isitoshe, jina analolitamka kwa taabu ni la mwigizaji mwenyewe. Mwenye sauti anajivua sauti, kisha anarejeshewa mbele ya hadhira inayotokwa machozi. Wanafunzi wa Manchester hawakuwa na cha kurejeshewa. Ndio kipimo cha ukweli wa mandhari, lakini si wenye kisa.

Miller aliendelea na filamu za kifamilia, zikiwemo Adventure in the Hopfields (1954) na Raising a Riot (1955), kisha mwanzoni mwa miaka ya sitini akaacha uigizaji akiwa bado kijana mno. Wahakiki huusikitikia ufupi wa safari hiyo. Hawajawauliza sana wale waliokuwa kwenye madawati ya nyuma.